Maswali ya wasomaji: silabasi ya lugha unaanzia wapi?

Safari hii maswali yamejaa upande mmoja, walimu wa lugha mnauliza silabasi inapangwaje. Wengine mnafundisha Kiswahili kwa wageni, wengine Kiingereza, yupo na wa Kifaransa. Mengi yalikuwa yanauliza kitu kile kile kwa maneno tofauti, kwa hiyo usipoliona la kwako soma tu, jibu lake limo humu humu.

SWALI: Shikamoo mwalimu. Nimepewa darasa la jioni la Kiswahili kwa wageni watu wazima, miezi sita, mara mbili kwa wiki, kila kipindi saa moja na nusu. Silabasi hakuna, nimeambiwa "we tengeneza tu". Nimechukua kitabu cha sarufi nikagawa yaliyomo kwa wiki: wiki mbili za kwanza ngeli ya A-WA, zinazofuata KI-VI, kisha LI-YA na kuendelea, nyakati zinakuja katikati, kauli za kutendea na kutendwa mwishoni. Mwenzangu anasema hiyo sio silabasi, ni orodha. Yuko sahihi? (Ticha wa Jioni)

JIBU: Marahaba. Mwenzako kakuonea kidogo, hiyo ni silabasi kabisa na ni ya siku nyingi, vizazi na vizazi vya walimu wamefundisha hivyo. Unaikata lugha vipande vya sarufi, unavipanga kuanzia kile unachoona rahisi, mwanafunzi analetewa kimoja kimoja, na kazi ya kuviunganisha viwe lugha anaachiwa yeye. Mwaka 1976 Mwingereza David Wilkins alizigawa silabasi mafungu mawili, hii yako akaiweka kwenye fungu la kuunganisha. Fungu la pili mwanafunzi anapewa lugha ikiwa nzima, kwa ajili ya kufanya jambo fulani, alafu yeye mwenyewe ndo anaichambua taratibu kadiri anavyoweza. Ukiwasikia walimu wanabishana kuhusu silabasi mpaka wanataka kushikana mashati, ujue mara nyingi wanabishania hapo tu: nani afanye kazi ya kuichambua lugha, mwalimu au mwanafunzi.

Shida ya orodha yako sio kwamba ina sarufi. Shida ni kwamba imepangwa kwa urahisi wa kueleza na sio kwa uhitaji wa kusema. Chukua vile vitenzi vinavyoishia na -e: nisaidie, nisubiri (huyu -i yake haibadiliki lakini ndo kundi hilo hilo), tuonane kesho, nikuletee? Vitabu vingi vinavisukuma mbali huko kwa sababu vina mambo mawili matatu kwa pamoja, mwisho unabadilika, ndani kuna kiambishi cha mtendwa, mara kuna kauli ya kutendea. Kueleza ni kweli kazi. Lakini mgeni anavihitaji siku ya kwanza! Kwa mpango wako atakaa miezi miwili anajua kiti kile kizuri, viti vile vizuri, na hajui kumwambia mtu amsubiri.

Sasa kabla ya lolote piga hesabu ya muda, hii watu wanairuka sana. Miezi sita ni kama wiki 26, kila wiki saa 3, jumla saa 78. Toa majaribio, toa marudio, toa zile siku nusu ya darasa haipo, umebaki na kama saa 60 hivi za kufundisha kitu kipya. Taasisi inayofundisha lugha wanadiplomasia wa Marekani inakadiria mtu anayeongea Kiingereza anahitaji takriban wiki 36 kufikia kiwango cha kufanyia kazi kwa Kiswahili, na hizo ni wiki za kusoma kutwa, zaidi ya saa 20 kwa wiki darasani. Kwa hiyo usije ukaandika kwenye karatasi "mwisho wa kozi wataongea kwa ufasaha", utajitafutia aibu bure.

Ukishajua una saa 60, andika mambo nane au kumi ambayo wanafunzi wako lazima waweze kuyafanya kwa Kiswahili mwisho wa kozi. Kuyafanya, sio kuyajua. Kujitambulisha na kuuliza habari za mtu mpaka mwisho bila kukwama, kupanga na kuahirisha miadi, kununua kitu na kulalamika kikiwa kibovu, kuelekezwa njia, kusimulia kilichotokea jana, na kadhalika. Alafu kwa kila moja watafute watu wawili wanaoongea lugha vizuri waigize hilo jambo, urekodi kwa simu, usiwaandikie cha kusema. Sikiliza uandike walichosema kweli. Hapo ndo utashangaa, maana utaona sarufi inayojirudia kwenye karibu kila rekodi na ile ambayo haikutokea hata mara moja. Inayojirudia ndo ya kwanza. Isiyotokea isogeze mbele, na nyingine haitafika kwenye kozi hii kabisa na sio dhambi.

Ngeli zitakuja zote mapema, usiogope, ila zitakuja kwa vipande. Nisaidie unaifundisha kama neno moja tu, bila maelezo, wiki ya kwanza. Baadaye wakishakuwa na nisaidie, nisubiri, nieleze, nipe, unazipanga ubaoni wenyewe wanaanza kukuuliza hiyo ni- ni nini. Ile orodha ya kitabu usiitupe, kaa nayo wewe kwenye faili uwe unatia alama: hiki tumekutana nacho, hiki tumekieleza, hiki bado. Wanafunzi hawana haja ya kuiona.

SWALI: Habari ya kazi. Mimi nafundisha Kiingereza. Silabasi yetu inasema ile -s ya he goes, she works inaisha muhula wa kwanza. Tumeimaliza, tumefanya mazoezi, mtihani walipata vizuri. Sasa hivi ni mwaka wa pili na bado wanaongea he go. Ni wavivu au mi ndo sijui kufundisha? (Mwalimu Aliyechoka)

JIBU: Nzuri, na pole. Wala wanafunzi sio wavivu wala wewe huna kosa, kosa ni la lile neno "inaisha".

Miaka ya 1970 Heidi Dulay na Marina Burt walilinganisha watoto wanaojifunza Kiingereza, kundi moja nyumbani wanaongea Kihispania, jingine Kichina. Lugha zenyewe hazifanani hata kidogo, lakini vipande vya sarufi ya Kiingereza viliwakaa kichwani kwa mpangilio unaokaribiana sana. Ile -ing ilikuwa ya mapema, ile -s yako ilikuwa ya mwisho mwisho. Kanuni yenyewe unaieleza kwa dakika mbili lakini kuitumia ukiwa unaongea inachukua muda mrefu kweli kweli. Alafu mwaka 1984 Manfred Pienemann akaja na utafiti wa watu wanaojifunza Kijerumani. Alifundisha watoto wa Kiitaliano kanuni moja ya mpangilio wa maneno. Waliokuwa wamefika hatua ya karibu na hiyo kanuni waliishika, waliokuwa nyuma haikuwaingia hata baada ya kufundishwa. Yaani kufundisha kunasaidia pale mtu alipo tayari, ila hakumrushi hatua.

Watu wengine wakisikia hivyo wanasema basi tusipange sarufi kabisa, tuache ije yenyewe. Mi sikubaliani nao. Darasani kuna watu ishirini na kila mmoja yuko hatua yake, huwezi kupanga silabasi inayofuata kichwa cha kila mtu, lakini pia kuacha tu ni kuwatelekeza wale waliokuwa tayari na walihitaji mtu awaoneshe. Kinachowezekana ni silabasi inayozunguka. Kitu hakiishi, kinarudi. Mara ya kwanza wanakiona tu na kukielewa kwenye kusoma na kusikiliza, mara ya pili unakieleza, mara ya tatu wanakihitaji ndani ya kazi kubwa zaidi, mara ya nne unasahihisha. Kwenye karatasi ya silabasi badala ya kuandika "-s: wiki ya 5" andika wiki ya 5, ya 9, ya 16 na muhula unaofuata, na useme kila mara inarudi kwa sura gani. Na mtihani wa muhula wa kwanza uipime kwa kutambua tu. Kuitumia kwenye kuongea upime mbele ya safari.

SWALI: Dada mhariri, nimeombwa niandae kozi fupi ya Kiswahili kwa wauguzi na madaktari wageni. Nimeshakusanya maneno 300 ya hospitali, viungo vya mwili, majina ya magonjwa na vifaa. Naona nimefika mbali, ila sijui niyapangeje, kwa alfabeti au kwa mada? (Bado Najipanga)

JIBU: Mdogo wangu, hayo maneno 300 umeyatoa wapi? Nauliza kwa sababu orodha za namna hii mara nyingi zinatoka kwenye kamusi au kwenye kichwa cha mwandaaji, na mgonjwa hajaisoma hiyo kamusi. Mgonjwa anasema tumbo linanikata, kichwa kinagonga, mwili hauna nguvu, nahisi kizunguzungu, kifua kinabana, mtoto anachemka. Daktari wako atakuwa anajua "kongosho" na hajui mgonjwa akisema linanikata anamaanisha nini.

Kozi za kazi maalumu zinaanza na kuuliza mahitaji, na hili halina njia ya mkato. Tom Hutchinson na Alan Waters mwaka 1987 waliligawa mara tatu na mpaka leo mi natumia mgawanyo wao: kile ambacho kazi yenyewe inamlazimisha mtu ajue, kile anachopungukiwa kwa sasa, na kile anachokitaka mwenyewe. Vitatu hivyo havikubaliani, hiyo ndo raha yake. Mkuu wa wauguzi atakwambia wanahitaji kuandika taarifa. Ukikaa wodini nusu siku na ruhusa yao (ukae kimya, usirekodi wagonjwa) utaona siku nzima wanauliza maswali yale yale: imeanza lini, inauma wapi, umekula nini, umeshatumia dawa gani, na wanatoa maelekezo: vua shati, lala chali, vuta pumzi, usinywe kabla ya kipimo. Wauguzi wenyewe ukiwauliza wanakwambia wanachotaka ni kupiga stori na wagonjwa ili wasiwaogope. Wote wana haki.

Kwa hiyo sio alfabeti wala mada. Panga kwa hatua za mgonjwa: anapokelewa, anaulizwa historia, anapimwa, anaelezwa majibu, anapewa dawa na maelekezo, anaagwa. Kila hatua ni somo au masomo mawili matatu na maneno yanaingia pale yanapohitajika. Katika 300 zako naamini nyingi zitabaki nje na utaingiza nyingine ambazo hukuzifikiria. Na usisahau upande wa kusikia, wauguzi watauliza swali zuri sana lenye lafudhi safi alafu jibu litakuja mbio mbio na hawataambulia kitu. Kwenye kozi fupi ya aina hii mi ningetumia zaidi ya nusu ya muda kwenye kuelewa majibu.

SWALI: Siku hizi kila semina tunaambiwa silabasi iwe ya kazi, mwanafunzi apewe kazi ya kufanya. Kwani sisi mazoezi tunayotoa sio kazi? (Mjumbe wa Semina)

JIBU: Sio, ndugu yangu, japo semina nyingi hazielezi tofauti. Zoezi linauliza lugha, mfano jaza pengo kwa wakati uliopita. Kazi inauliza jibu la jambo fulani, na lugha ni njia ya kufikia hilo jibu. Hii hapa ratiba ya treni, mtu yuko mji A anatakiwa afike mji C kabla ya saa nane, atapanda ipi na atabadilisha wapi? Mwanafunzi akimaliza unajua amefanikiwa au la hata bila kuangalia sarufi yake.

Mradi unaotajwa sana hapa ni ule wa N. S. Prabhu kule Bangalore, kusini mwa India, kuanzia 1979 hadi 1984, Kiingereza kwenye shule za kawaida zenye madarasa makubwa. Silabasi yake haikuwa na orodha ya sarufi kabisa, ilikuwa ni mfululizo wa kazi: ramani, ratiba, hesabu za safari, kanuni za kusoma na kuzitumia. Mwalimu anafanya kazi ya aina hiyo kwanza na darasa zima kwa kuuliza maswali kwa sauti, alafu kila mwanafunzi anapewa inayofanana nayo afanye peke yake. Na kipimo chake cha ugumu nakipenda kwa sababu hakihitaji mashine: angalau nusu ya darasa iweze angalau nusu ya kazi. Ikizidi sana ilikuwa rahisi mno, ikipungua irudishwe hatua nyuma. Wanaodhani silabasi ya kazi lazima iwe makundi makundi, vicheko na karatasi za rangi wajue kule Bangalore kazi ya makundi hata haikupewa kipaumbele.

Ugumu wake upo kwenye kupanga. Kazi ipi itangulie? Sarufi angalau ina kitabu. Kwenye kazi inabidi uangalie vitu kama habari ngapi anatakiwa kuzishika kwa wakati mmoja, kama mambo yapo mbele ya macho yake au ya kukumbuka, kama ana muda wa kujiandaa. Unaweza kuchukua kazi ile ile ukaifanya ngumu kwa kumwondolea karatasi tu. Ila nakuonya, ukiacha kazi peke yake wanafunzi wajanja watazimaliza kwa maneno matatu na kuonesha kwa kidole. Weka dakika kumi na tano za mwisho za kurudi kwenye lugha yenyewe, kilichokosewa na kilichokosekana.

SWALI: Maneno mangapi kwa kipindi? Na ni kweli niyapange kwa makundi, leo matunda, kesho rangi, keshokutwa nguo? (Mama wa Darasa la Onlaini)

JIBU: Dada, kwa watu wazima manane mpaka kumi na mawili yanatosha, na uhesabu na yale ya kurudia. Makundi nayo yapunguze. Majaribio ya Thomas Tinkham miaka ya 1990 yalionesha maneno ya kundi moja yakifundishwa kwa mpigo yanachanganyana kichwani, kijani na bluu vinakuwa vinabadilishana zamu mwezi mzima. Yale yanayokutana kwenye stori moja yanakaa vizuri zaidi. Kuhusu yapi yatangulie angalia yanayotumika sana, Michael West alitoa orodha ya Kiingereza mwaka 1953 yenye maneno kama 2,000 na mpaka leo wazo lake linatumika, elfu mbili za kwanza zinabeba sehemu kubwa sana ya maandishi ya kawaida. Kiswahili kina utata wake, ya, wa, na, kwa zitakaa juu na huwezi kufundisha "kwa" peke yake ubaoni, na soma, somea, somesha, msomaji sijui utahesabu moja au nne. Mi nahesabu mzizi moja.

SWALI: Mwenye kituo anataka silabasi iandikwe A1, A2, B1 kwa sababu wateja wanaulizia. Nachukua tu orodha za kwenye mtandao nabandika? (Mwandishi wa Silabasi)

JIBU: Unaweza kubandika herufi, ila ujue unabandika nini. Ile ngazi ya Baraza la Ulaya ilitoka rasmi 2001, ina hatua sita A1 mpaka C2, na ilikua kutoka kwenye kazi waliyoianza miaka ya 1970 ya kueleza lugha kwa matumizi, kuomba, kukataa, kutoa maoni, badala ya nyakati na viambishi. Inasema mtu wa hatua fulani anaweza kufanya nini. Haisemi ufundishe nini wala kwa mpangilio gani, na ngeli haimo hata moja kwa sababu imeandikwa itumike na lugha yoyote. Kwa hiyo ni kifaa cha kueleza mwisho wa kozi. Njia ya kufika hapo ni kazi yako.

Kosa ninaloliona sana ni kituo kuigawa sarufi yake ya zamani mafungu sita sawasawa na kuyaita A1 hadi C2. Hatua hazilingani urefu! A1 ni fupi, kutoka B1 kwenda B2 ni safari, na kozi ya saa 78 kama ya yule ticha wa jioni hapo juu ikiahidi B1 kwa mtu anayeanza sifuri mteja ana haki ya kudai hela yake. Afadhali uandike kwa ukweli: A1 kwenye kuongea na kusikia, kusoma bado.

SWALI: Nimesikia kuna silabasi ambazo wanafunzi wanapanga wenyewe na mwalimu. Mkuu wangu akisikia hivyo atanifukuza, anataka jedwali la wiki kwa wiki kabla muhula haujaanza. (Kati ya Mkuu na Darasa)

JIBU: Zipo, Michael Breen na Christopher Candlin walizitetea sana miaka ya 1980. Kwenye mpango wao silabasi kamili inaonekana mwisho wa kozi, ukiangalia nyuma mlikopita. Kwa wanafunzi wazima wanaojua wanachotaka inafanya kazi vizuri. Kwa wanaoanza kabisa mi sioni faida yake, utamuuliza unataka kujifunza nini na hajui kilichopo, atakwambia sarufi kwa sababu ndo neno alilolisikia shule.

Ila hata mkuu wako ana nafasi ya kuachiwa. Mpe jedwali lake, wiki zote zijazwe, lenye safu ya "mwanafunzi ataweza", safu ya kazi, safu ya lugha itakayojitokeza na safu ya marudio. Kisha kila wiki ya nne andika "uimarishaji na mapitio", wakuu wanalipenda hilo neno. Wiki hiyo haina somo jipya, ni ya kuliuliza darasa kipi kimekwama na kipi wanakihitaji sasa, na kukifanya. Safu ya lugha usiiandike kwa wino wa kudumu, iandike upya baada ya kila mapitio na jedwali la mwisho wa muhula mpelekee pamoja na lile la mwanzo, aone mwenyewe vilivyohama na uwe na cha kuanzia muhula unaofuata.